Wifi Yangu Rudia

Mimi ni wifi yake. Nalisema hilo mapema kwa sababu siku hizi ukitamka neno wifi, vijana wanakuuliza nywila. Sio hiyo. Mimi ni dada wa mumewe, wifi wa nyama na damu, ninayeingia kwake bila hodi na kumsema anapokosea. Kwa hiyo nikimsifu hapa mjue nimejikaza, na nikimponda msiseme ni chuki.

Jina lake la kwenye vyeti limelala huko huko kwenye vyeti. Mtaani, kazini, hata chumbani kwake, anaitwa Rudia. Kaa naye kwa kikombe kimoja tu cha chai utajua kwa nini. Unaongea zako, umenogewa, unamsimulia jinsi jirani alivyokujia juu, mara anakunyooshea kidole: "Rudia hapo." Unarudia. Yeye anafumba macho, midomo inacheza kimyakimya. Basi, umeshaibiwa! Baada ya wiki kadhaa unakaa mbele ya televisheni yako mwenyewe, unamsikia mwanamke mwenye wigi anasema maneno yako, na watu wanaangua kicheko. Ile "Mbona unaniangalia kama nimekalia kiti chako?" mnayoisema wote siku hizi ni yangu. Nilimwambia mtu kwenye foleni ya zahanati nikiwa na homa, Rudia amenisindikiza. Hakuna aliyenishukuru.

Na haandiki anapoyasikia. Hata karatasi hashiki. Anasema neno likiandikwa likiwa bado la moto linanyauka, liache kwanza lizoee kichwani. Mimi nasema ni ubishi tu, lakini ndiye anayelipwa kwa maneno, siyo mimi. Mimi ni fundi cherehani, nawashonea waigizaji wake nguo, ndiyo maana haya yote nimeyaona kwa macho yangu.

Hiyo tabia aliitoa utotoni. Mama yake mzazi alikuwa msusi, saluni yenyewe chumba kimoja, vioo viwili, kimoja kina ufa uliokata uso wa kila mteja vipande viwili. Mtoto alikaa kwenye ndoo iliyopinduliwa akimpa mama yake nyuzi na chanuo. Sasa mwanamke aliyeshikwa kichwa na msusi atakwenda wapi? Anaongea. Waume, mawifi, wapangaji wenzake, wote wanaletwa pale na kuchambuliwa kama mchele. Mambo yakifika patamu wale wamama walishusha sauti kwa sababu ya mtoto, na mtoto akasema kutoka kwenye ndoo, "Rudia hapo, sijasikia." Walicheka mpaka chanuo likaanguka. Mama yake alimfinya, lakini naye alikuwa anacheka.

Yule mama alifariki Rudia akiwa ndiyo kwanza amemaliza shule. Hapendi kulizungumza. Ila kuna siku nilimkuta anasikiliza wanawake wawili wakigombania ndoo bombani, machozi yanamtoka, anatabasamu. Nikamwuliza kulikoni. Akasema, "Mmoja ana sauti ya mama." Sikumtania siku hiyo.

Kazi ya kwanza aliipata mapokezi kwenye kituo cha televisheni. Kupokea simu, kuelekeza wageni chooni. Kituo kilikuwa na mchezo wa kuigiza uliorushwa kila Ijumaa, na kila Jumamosi watazamaji walipiga simu kutukana. Msichana mwingine angekata simu. Rudia akawa anawapokea kwa upole, "Pole dada yangu. Sasa ungekuwa wewe, huyo mume ungemwambia nini?" Dada anamwaga ya moyoni. "Rudia hapo," anasema Rudia. Kidogo kidogo akawa anaujua ule mchezo kuliko waliouandika.

Ikatokea mwandishi amegombana na mwongozaji, akasusa, akaondoka. Kaacha bibi harusi wa kwenye mchezo amesimama mlangoni, mguu mmoja ndani mmoja nje, na ametoka kusikia kwamba bwana harusi ana mtoto. Nini kinafuata? Hakuna ajuaye. Wakubwa wamekaa kwenye kikao wanakuna vichwa. Rudia aliyepeleka chai akasema, "Mimi najua."

Wakamtazama. "Wewe wa mapokezi?"

"Bibi harusi anaagiza kiti. Anakaa palepale mlangoni na shela lake. Haingii wala hatoki mpaka aambiwe yule mtoto ni wa nani."

Akaandikia palepale mapokezi, huku anapokea simu. Ijumaa ile bibi harusi alikaa mlangoni, mashemeji wakawa wanamruka kama kizingiti, na watu walipiga simu mpaka laini zikajaa. Hakukuwa na wa kuzipokea, maana mpokeaji alikuwa ameshahamishiwa chumba cha waandishi.

Sasa msidhani alipanda tu kama moshi. Alifanya kituko mwanzoni ambacho kituoni hakijasahaulika. Aliandika hivi: "Daktari anamtazama mgonjwa. Anavua shati." Mnaona? Kiswahili chetu "anavua" ni yeyote yule. Mwigizaji wa daktari, mtu mwenye bidii, akavua lake. Akabaki kifua wazi na kipimo shingoni, mgonjwa amekaa na shati lake hadi kifungo cha juu, hajui aangalie wapi. Mwongozaji alidhani ndiyo utamu wenyewe wa hadithi. Ikarushwa hewani! Wamama walipiga simu kuuliza ile hospitali iko wapi.

Tangu siku hiyo Rudia akaweka sheria, na kila mwandishi chipukizi aliyepita mikononi mwake ameila hiyo sheria asubuhi, mchana na jioni: kila "a" iwe na mwenyewe. Usiandike "anaanguka." Andika nani anaanguka. "A" isiyo na mwenyewe anaiita "a" yatima, na akiikuta kwenye skripti ya mtu anaizungushia wino mwekundu na kumwita mhusika mbele za watu. Hilo la "a" yatima mlishike, tutalirudia.

Kaka yangu alikuwa fundi taa pale kituoni. Siku ya lile shati alicheka mpaka akakaa chini. Rudia akamfuata amevimba. "Unacheka nini?"

Kaka akajifuta machozi. "Nacheka, lakini hata ukiandika vibaya mimi nitakuwashia taa."

"Rudia hapo," akasema Rudia.

Akarudia. Aliirudia mpaka wakaoana, na simwelewi mpaka leo, maana kaka yangu nyumbani hakuwahi kusema sentensi mbili zinazofuatana.

Ila kabla ya ndoa kulikuwa na siku ya kumleta nyumbani. Salale! Mama yangu siku hiyo alikuwa kwenye kiwango chake. Mama yangu hakopeshi mtu. Neno likimjia linatoka. Alikuwa anamsema jirani. "Yule," akasema, "ukimwazima pasi, anakurudishia waya."

Rudia akajisahau. Akanyoosha kidole, mbele ya wazazi, mgeni wa siku ya kwanza. "Rudia hapo!"

Nyumba ikaganda. Nyinyi wenyewe mnajua, kwetu sisi mtu akikwambia "hebu rudia" anataka ngumi. Unamwambiaje mtu mzima arudie? Baba akakohoa. Kaka akaangalia dari, nadhani alikuwa anatafuta balbu.

"Nirudie?" mama akauliza polepole.

"Samahani mama, sikuwa na maana..."

"Mama? Mimi si mama yako. Mimi ni mama mkwe wako, tena bado sijakubali."

Alikubali baadaye, shingo upande. Lakini lile neno lilishatoka, na Rudia naye ana kichwa chake. Mama wakwe wote duniani wanaitwa mama, au sivyo? Rudia hakumwita mama hata siku moja. "Shikamoo mama mkwe." "Mama mkwe, chai tayari." "Mama mkwe, dawa umekunywa?" Usoni kwake hivyo hivyo, kwa heshima zote, kama anamsomea kitambulisho. Wageni walidhani ni utani wa nyumbani. Haukuwa utani. Nilimwendea mama, nikamwambia, hili jambo si zuri. "Nimemziba mdomo?" akasema. "Si anao?" Nikamwendea Rudia. "Aniruhusu mwenyewe," akasema. "Alinikataza kwa mdomo wake, aniruhusu kwa mdomo wake." Nikawaacha. Miaka ikapita, watoto wakazaliwa, "mama mkwe" ikabaki palepale kama msumari ukutani.

Kisha baba akafariki. Mama akazima redio, akazima televisheni, akawa anakaa kwenye kochi lake karibu na dirisha kutwa nzima. Ule mdomo uliokuwa haukopeshi ukanyamaza. Ukimsemesha anajibu "eeh." Hilo "eeh" lilinitisha kuliko kilio. Niliogopa, nasema wazi, nilidhani tutampoteza naye.

Aliyemtoa pale si mimi mwanawe. Ni makochi.

Wakati huo Rudia alikuwa amepewa mchezo wake mwenyewe, auandike na autayarishe. Akauita "Chumba na Sebule": nyumba moja ya kupanga, ua mmoja, wapangaji wanaogombania kamba ya nguo, mwenye nyumba mkali, na mama mkwe aliyekuja kusalimia na hakuondoka. Uandishi ni kichwa, lakini utayarishaji jamani ni mwili mzima. Prodyuza ndiye anayetafuta jenereta. Ndiye anayembembeleza jirani amfungie jogoo ndani, kwa sababu jogoo hajali kama mnarekodi msiba. Ndiye anayejua mwigizaji gani hali vitunguu. Na nyumba aliyoipata ilikuwa tupu, hata kigoda hakuna. Kaka akasema, "Makochi ya mama je?"

Tukaenda kuomba. Makochi yale ni ya mbao ngumu, na vitambaa vyake vyeupe vya kushonwa kwa mkono, baba aliyanunua walipooana. Mama akakinyoosha kitambaa cha kochi alilokalia.

"Makochi yangu hayatoki humu bila mimi."

Basi siku ya kurekodi lori likaja na makochi nyuma, na mama mbele kwa dereva, mkoba mapajani. Akakaa kando ya kamera. Kazi yake kuangalia nani anakalia nini na kwa nguvu gani.

Mwigizaji aliyepewa nafasi ya mama mkwe alikuwa mwanamama maarufu kwa kupayuka. Akapayuka. Alipopayuka mara ya tatu, sauti ikatoka gizani nyuma ya kamera: "Mama mkwe hapigi makelele. Mama mkwe anaongea polepole, ndiyo unaogopa."

"Kata!" akasema mwongozaji. Yule mwanamama akageuka, wigi limekaa upande. "Basi aigize yeye!" Akachukua mkoba wake, akaondoka, na hakurudi.

Rudia akamtazama mama. Mimi nikiwa na pini mdomoni nikajua anachotaka kusema, nikaomba Mungu asiseme. Akasema. "Mama mkwe, rudia hapo."

Mama akanyanyuka. Akajifunga kitambaa chake vizuri, akapita mbele ya kamera, akakaa kwenye kochi lake. Akamgeukia binti aliyekuwa anaigiza kama mkwewe, akasema maneno yale yale, polepole, kwa ile sauti. Binti akalia machozi ya kweli. Mwongozaji akasahau kusema kata.

Hivyo ndivyo mama yangu alivyokuwa nyota wa televisheni, na kama mnadhani nanogesha, mwulizeni muuza nyanya sokoni. Alikataa kumwuzia. "Kwanza mwache binti wa watu," akamwambia, "ndiyo uje na kikapu." Mama alirudi nyumbani anacheka hadi anakohoa. Akawa anaamka mapema, anapiga pasi mwenyewe nguo zake, anachagua miwani. Redio ikafunguliwa. Mdomo ukarudi na madeni yote ya kipindi kile cha kimya. Mama yangu alifufuka, sina neno jingine. Lakini nje ya kamera, waliendelea: "Mama mkwe, chai." "Weka hapo."

Ndipo akaja Mkurugenzi mpya. Kijana nadhifu, viatu vinang'aa, hana baya na mtu. Tatizo lake alikuwa anataka vijana wenzake waangalie kituo chake. Akamwita Rudia ofisini.

"Nataka kifo," akasema. "Kifo kinavuta watu. Na nataka sura changa. Yule bi mkubwa amemaliza kazi yake. Afe. Asipokufa yeye, mchezo wote nauzika. Chagua."

Rudia hakumwambia mtu. Nilijua mimi, na mtajiuliza nilijuaje. Nilijua kwa sababu hakusema "rudia." Tulikuwa tunakula kwa mama, mama akasema kuhusu mchumba wa binti wa jirani, "Huyo hata kivuli chake kimechoka kumfuata." Mimi nikapaliwa. Kaka akapaliwa. Rudia akaangalia sahani yake. Siku iliyofuata hivyo hivyo, maneno matamu yanapita bure, hayaokoti. Mama mwenyewe akaninong'oneza, "Anaumwa huyu?"

Nilimbana kwenye cherehani yangu, nimemvalisha blauzi yenye pini kila upande ili asikimbie. Akanieleza yote. "Nikimwondoa," akasema, "atarudi dirishani. Nisipomwondoa, wote tunakosa kazi, mume wangu, wewe, yule mzee anayeigiza mwenye nyumba, wote. Na nimeshazika mama mmoja, wifi. Wa pili nimwue kwa mkono wangu mwenyewe? Tena mama ambaye hata kumwita sijaruhusiwa?" Akalia palepale na pini zake. Mimi nilitaka kwenda kumvua yule Mkurugenzi viatu nimpige navyo. Nilimwambia hivyo. Hakusema "rudia" hata kwa hilo.

Siku ya kurekodi, skripti ikaja asubuhi. Alinikabidhi mimi nimpelekee mama, yeye akajifanya anashughulika na jenereta. Nikasoma ukurasa wa mwisho nikiwa nimesimama. "Mama Mkwe anamtazama Mwenye Nyumba. Kimya. Anashika kifua. Anaanguka. Anakata roho."

Nikasoma tena. Tatu! "A" yatima tatu kwenye mstari mmoja, kutoka kwa mwanamke ambaye angemtoa mtu machozi kwa moja tu. Nikajua. Mkono wake ulikataa kuandika jina, basi.

Mama akavaa miwani, akasoma, akavua miwani. "Lo, maskini," akasema. "Mwenye nyumba anakufa. Nilishaanza kumzoea."

Nikainama kumrekebisha upindo wa gauni.

Mwenye nyumba wetu wa kwenye mchezo alikuwa mzee mstaafu, zamani mkaguzi wa tiketi, na ndoto yake kubwa ilikuwa kufa kwenye kamera. Kila wiki alikuwa anamwuliza Rudia, "Mwandishi, mimi nakufa lini? Waigizaji wakubwa wote wanakufa." Lakini siku ile mwongozaji, aliyeambiwa na Mkurugenzi, alishamwarifu kwamba zamu ni ya mama mkwe. Alikuwa amenuna.

Mkurugenzi mwenyewe alikuja kushuhudia. Akasimama karibu na taa, mikono mfukoni. Rudia alijibanza kando ya mlango.

"Haya, tuanze!"

Mama akamtazama mwenye nyumba. Mwenye nyumba akamtazama mama. Kimya, kama ilivyoandikwa. Kimya kikaendelea. Mama akamkazia macho, anamsubiri. Mzee naye anamsubiri, ameinamisha kichwa kidogo kwa heshima ya marehemu mtarajiwa. Jogoo akawika huko alikofungiwa. Hakuna aliyeanguka.

"Anaanguka..." mwongozaji akanong'ona. "Anashika kifua, anaanguka..."

"Anguka basi, mwenzangu," mama akasema chini chini bila kuchezesha midomo. "Mgongo unaniuma."

"Nianguke mimi? Si wewe unayekufa?"

"Mimi? Nani kasema?"

"Si imeandikwa, anaanguka!"

"Na mimi nimesoma hivyo hivyo, anaanguka. Ningekuwa mimi ingeandikwa Mama Mkwe anaanguka. Huyu mwanamke namjua, haandiki 'a' yatima."

Mwongozaji aliuma kofia yake. Kaka yangu juu ya ngazi mabega yakawa yanamcheza, na mwanga wote ukawa unacheza naye. Mkurugenzi hakucheka. Akageukia mlangoni.

"Mwandishi. Waambie nani anakufa."

Rudia akatoka mlangoni, akasimama katikati ya sebule ile ya kuigiza. Akamtazama mama, na mama akamtazama yeye. Nikaona mama anaanza kuelewa. Uso wake ukashuka taratibu, akalishika kochi kwa mkono mmoja. Ni sura ile ile ya dirishani. Sitaisahau.

"Anayekufa ni mwenye nyumba," akasema Rudia.

Mzee akashtuka kwa furaha. "Mimi?"

"Sivyo tulivyokubaliana," akasema Mkurugenzi.

"Ulitaka kifo. Ulitaka sura changa. Mwenye nyumba ana watoto wakubwa, vijana, wanakuja kurithi nyumba, kila mmoja anaitaka iwe yake, na mapenzi na mambo yao. Wapangaji watakwenda wapi? Huo ni mchezo wa mwaka mzima."

"Na huyu bi mkubwa abaki wa nini?"

"Atakayewatia adabu ni nani?"

Watu wakacheka kidogo. Mkurugenzi akatikisa kichwa. "Wazo zuri. Walete hao vijana. Lakini bi mkubwa nilishasema. Afe yeye, au ufe mchezo."

Mchezo ule Rudia alikuwa ameutoa kwenye ndoo ya saluni mpaka pale, maisha yake yote yalikuwa mle ndani. Akanyoosha kidole, kile kile, lakini safari hii kwa Mkurugenzi.

"Basi ufe mchezo. Mimi mama yangu simuui."

Yule mzee mkaguzi wa tiketi akaona kamera bado inawaka nyekundu, maana hakuna aliyesema kata. Akaona bahati yake ndiyo hiyo na haitapita tena. Akashika kifua. Akatoa mlio ambao sijui alikuwa ameuhifadhi tangu mwaka gani, akayumba kulia, akayumba kushoto, akajitupa kwa uzito wake wote kwenye kochi la marehemu baba. Mguu wa kochi ukakatika. Mzee akabingirika mpaka sakafuni, akatupa mkono, akafa.

"Kochi langu!" mama akapiga ukelele, mikono kichwani. "Jamani! Kochi langu! Mume wangu, kochi letu!"

Niambieni, nani angeweza kuigiza kilio kile? Mwongozaji alikuwa amepiga magoti kwa furaha. Nikamwangalia Mkurugenzi, na yule kijana nadhifu alikuwa ameshikilia stendi ya taa, machozi ya kicheko yanamdondokea viatu vinavyong'aa. Alipopata sauti akasema, "Kata. Kateni. Kifo nimekipata." Akajifuta. "Bi mkubwa abaki. Nani mwingine atalia hivyo?"

Marehemu akainua kichwa sakafuni. "Imetoka vizuri? Naweza kurudia."

"Hapana!" tukasema wote.

Watu wakaanza kukunja nyaya. Kaka akaenda kutafuta gundi na misumari. Mimi nilikuwa naokota vitambaa vya makochi, ndiyo maana nilikuwa karibu, msiseme nilikuwa nasikiliza. Mama alikuwa amekaa kwenye lile kochi lililopinda, upande mmoja juu mmoja chini, anajipangusa uso. Rudia akapita na kapu la vikombe.

"Wewe," mama akaita. "Njoo hapa."

Rudia akaja. "Naam, mama mkwe."

"Ulimwambia nini yule kijana? Kabla huyu mzee hajanivunjia kochi."

"Nilimwambia ufe mchezo."

"Baada ya hapo."

Rudia akaangalia vikombe vyake. Mwanamke anayekumbuka maneno ya watu wa foleni ya zahanati akajidai amesahau. "Sikumbuki vizuri."

Mama yangu akanyoosha kidole, moja kwa moja usoni kwake, kama alivyonyooshewa yeye siku ile ya pasi na waya.

"Rudia hapo."

Kapu likatua sakafuni. "Mama," akasema Rudia, akaanza upya. "Mama yangu."

"Haya," akasema mama, akasogea kumpa nafasi kwenye upande wa kochi uliobaki mzima. "Sasa niletee maji."

Maji ilibidi nikayalete mimi, maana aliyetumwa alikuwa ameshakaa, na mama alikuwa amemshika mkono hamwachii. Wala sikuharakisha.